Kwa nini Mwana Mpotevu alishikwa na njaa? Jibu kwa mama aliyeuliza kama Biblia ina maana moja

Swali: Shikamoo, Mwalimu. Ninaongoza kikundi cha kujifunza Biblia mtaani kwetu, akina mama kumi na wawili na wazee wawili. Kijana wangu yuko mwaka wa pili chuo cha theolojia. Likizo hii amerudi nyumbani anasema wanafundishwa kufasiri Biblia kwa njia za usasaleo: kwamba andiko halina maana moja, kwamba mwandishi amekufa, kwamba kila msomaji hutoka na maana yake. Nimekosa usingizi. Je, haya ni mafundisho ya uongo? Na kama kila mtu ana maana yake, mimi Jumatano nafundisha nini?

Jibu: Marahaba, mama, na pole. Wasiwasi wako ni wa mtu anayejali chakula anachowapa wenzake. Majina ya wanafalsafa yatakuja, lakini tuanze na Luka 15, maana ni sura hiyo iliyonifungua macho mimi mwenyewe baada ya kulisoma jambo hili vitabuni miaka mingi bila kulishika.

Mmarekani mmoja, Mark Allan Powell, aliyefundisha Agano Jipya katika seminari ya Kilutheri huko Ohio, alifanya jaribio jepesi. Aliwapa watu mfano wa Mwana Mpotevu wausome kwa makini, wafunge Biblia, kisha wausimulie kwa kichwa. Wamarekani walikuwa 100, na wote 100 walisimulia kwamba kijana alitapanya mali. Waliokumbuka kwamba nchi ile iliingiwa na njaa kuu walikuwa 6 tu. Akalirudia jaribio hilo na watu 50 mjini St. Petersburg, Urusi. Huko 42 waliitaja njaa, na waliotaja kutapanya mali walikuwa 17. Mji huo ndio ulioitwa Leningrad. Majeshi ya Ujerumani yaliuzingira kuanzia 1941 hadi 1944, na watu wakafa kwa njaa kwa mamia ya maelfu. Mtu aliyelelewa na bibi aliyenusurika pale hawezi kukutana na maneno "njaa kuu" akayaruka.

Kisha akaja kwetu Tanzania, akawauliza wanafunzi wa theolojia: kwa nini kijana yule alifikia kuhitaji chakula? Wengi wakajibu jambo ambalo yeye hakulitarajia: kwa sababu hakuna mtu aliyempa kitu. Wakamweleza kwamba mgeni ugenini anaweza kupoteza fedha kwa kuwa hajui mambo ya mji, na njaa inaweza kumkuta yeyote, lakini Maandiko yanaagiza mgeni atunzwe. Aibu kubwa katika habari ile ni ya nchi ya mbali iliyomwacha mgeni atamani chakula cha nguruwe. Na ndiyo maana nyumba ya baba inang'aa pale mwishoni: huko anayerudi mikono mitupu anavikwa vazi na kuchinjiwa ndama.

Sasa chukua Biblia yako ya Union Version. Aya ya 13: "akatapanya mali zake huko." Aya ya 14: "njaa kuu iliingia nchi ile." Aya ya 16: "wala hapana mtu aliyempa kitu." Sababu zote tatu zimeandikwa, tena zimefuatana. Hakuna aliyezua. Lakini kila kundi lilishika moja na kuziacha nyingine zipite, na kila kundi lilikuwa na hakika kwamba limeusoma mfano wote.

Nakuomba ukae hapo kidogo kabla ya kuendelea, maana karibu yote nitakayosema yamo katika aya hizo tatu. Walimu wa mwanao wana haki wanaposema hakuna anayesoma akiwa hewani. Kila mmoja amesimama mahali, na mahali pale panamwonyesha jambo na kumficha jingine. Ila ona pia kwamba aya ya 14 ilikuwepo muda wote. Haikuandikwa na Warusi. Wamarekani wangeweza kuonyeshwa kwa kidole, nao wangelazimika kukubali: kweli, tumeiruka.

Fikra hizi zimetoka wapi? Kwa karibu miaka 200 vyuo vya Ulaya vilifundisha kwamba msomaji mzuri hujiweka kando. Achimbue historia, lugha na desturi za kale, naye atafika kwenye maana moja ya mwanzo, kama fundi anayebandua rangi mpaka akaufikia ubao. Njia hiyo imetuletea faida kubwa, mimi mwenyewe naifundisha na sitaiacha. Lakini ufa ulionekana ndani yake mapema. Mwaka 1906 Albert Schweitzer alipitia vitabu vya wataalamu waliotafuta Yesu wa historia, akaonyesha kwamba wengi wao walimchora Yesu anayefanana na wao wenyewe. Mwaka 1957 Rudolf Bultmann, bingwa wa njia hiyohiyo, aliuliza kama inawezekana kufafanua Maandiko bila kuwa na dhana yoyote ya awali. Akajibu kwamba haiwezekani.

Wafaransa wakalivuta jambo mbali zaidi. Mwaka 1979 Jean-François Lyotard aliandika ripoti kwa ajili ya baraza la vyuo vikuu vya Quebec, Kanada, akaeleza usasaleo kuwa ni hali ya kutoyaamini tena masimulizi makuu, yaani zile hadithi kubwa zinazodai kueleza na kuhalalisha kila kitu. Wengi wakadhani anaishambulia Biblia. Hasa hasa alilenga hadithi ambazo ustaarabu wa kisasa ulijisimulia ili kujipa mamlaka: kwamba akili na sayansi vitamkomboa binadamu, kwamba historia inasonga mbele daima. Alikuwa amefundisha shule mjini Constantine, Algeria, wakati nchi hiyo iko chini ya Wafaransa, kwa hiyo aliyaona kwa macho yake matendo yaliyofunikwa kwa maneno mazuri kama "maendeleo". Jacques Derrida, anayehusishwa na udenguzi, njia ya kusoma nitakayoieleza hapa chini, alizaliwa Algeria hukohuko mwaka 1930 katika familia ya Kiyahudi, na mwaka 1942 alifukuzwa shule kwa sababu ni Myahudi. Nayataja haya kwa sababu mara nyingi watu hawa husimuliwa kana kwamba walikaa mkahawani Paris wakibuni namna ya kuharibu imani za watu. Waliwashuku wenye kusema "maana ni hii, basi" kwa kuwa waliona kauli kama hizo zilivyowatendea watu.

Na "mwandishi amekufa"? Hayo ni maneno ya Roland Barthes, mhakiki wa fasihi wa Kifaransa, katika insha iliyotoka kwa Kifaransa mwaka 1968. Hakusema Luka hakuwepo. Alikataa tabia ya wahakiki kumaliza mazungumzo kwa kusema: mwandishi alikuwa mtu wa namna hii, kwa hiyo andiko lina maana hii, fungeni vitabu. Mimi naona aliona sawa kwa riwaya na mashairi, akavuka mpaka kwa maandiko ya aina nyingine. Soma Filemoni aya ya 19: "Mimi Paulo nimeandika kwa mkono wangu mwenyewe, mimi nitalipa." Hiyo ni ahadi ya deni. Ahadi ikiondolewa aliyeahidi, Onesimo, yule mtumwa ambaye Paulo anamwombea katika barua hiyo, amebaki na nini mkononi? Sehemu kubwa ya Biblia ni ahadi, maagizo na ushuhuda wa watu wanaosema "tuliona". Maneno ya namna hiyo humtaka msemaji wake awe hai.

Sasa twende kwenye udenguzi, maana hapo ndipo mwanao atakapokutisha zaidi, na hapo ndipo mimi nimepata faida zaidi. Kudengua si kubomoa. Ni kusoma polepole mno, ukitafuta mahali andiko, au desturi yetu ya kulisoma, linapojipinga lenyewe. Turudi kwa yule kijana. Union Version inasema alitapanya mali "kwa maisha ya uasherati". Neno la Kigiriki pale ni asotos, nalo lasema juu ya maisha ya ufujaji, ya mtu asiyejizuia. Halitaji uasherati kwa jina. Basi makahaba wameingiaje? Soma aya ya 30. Wanatajwa na kaka mkubwa, akiwa amekasirika nje ya nyumba, naye hakuwahi kukanyaga nchi ya mbali. Msimulizi hasemi kama tuhuma hiyo ni kweli au la. Lakini watafsiri wetu waliyatanguliza maneno ya kaka wakayaweka mwanzoni, kinywani mwa msimulizi, na sisi tumehubiri hivyo kizazi hata kizazi. Yaani katika mfano unaomsihi kaka mkubwa aingie ndani, sisi tumeusoma tukiwa tumesimama naye nje. Nilipoliona hili mara ya kwanza nilifunga kitabu nikanyamaza muda mrefu, kwa kuwa nilikuwa nimehubiri andiko hilo mara nyingi sana.

Lugha yetu yenyewe yatutahadharisha hapa. Kwa Kiswahili kuhamisha maneno toka lugha moja kwenda nyingine ni tafsiri, na kueleza maana yake pia twaita tafsiri. Kila Biblia unayoishika tayari imefasiriwa na mtu kabla hujaifungua.

Musa Dube, mtaalamu wa Biblia kutoka Botswana, aliandika mwaka 1999 juu ya Biblia ya Kitswana, ambamo mapepo wachafu wa kwenye Injili waliitwa badimo. Kwa Watswana badimo ni wahenga, watu wa ukoo waliotangulia, wenye kuheshimiwa. Neno hilo lina mzizi mmoja na mizimu yetu. Hebu fikiri: msomaji wa Kitswana anafika Mathayo 8 anakuta Yesu akiwatoa mababu zake na kuwaingiza katika nguruwe. Watafsiri wa Kiswahili walitumia "pepo", nasi hatukuumizwa mahali hapo. Dube hakutupa Biblia kwa sababu hiyo. Aliuliza nani alichagua neno, na uchaguzi ule ulimfanyia nini aliyesoma. Maswali hayo mawili wanafunzi wangu huyashika upesi kuliko falsafa yoyote ya Paris. Kwa Wakikuyu waumini wa kwanza waliitwa athomi, wasomaji. Watu ambao imani yao iliingia kwa mlango wa kusoma wana haki ya kuuliza walisomeshwa nini.

Kuna usomaji mwingine ambao utakuumiza, na sitakuficha. Mwaka 1989 Robert Allen Warrior, Mmarekani wa asili wa kabila la Waosage, aliandika kwamba watu wa theolojia ya ukombozi, wanaoisoma Biblia wakiwa upande wa maskini na walioonewa, wanapenda sana habari ya Kutoka, lakini yeye akiisoma hujiona miongoni mwa Wakanaani, wenyeji wa nchi iliyoahidiwa wengine. Wazungu waliohamia Amerika walijilinganisha na Israeli, wakawalinganisha wenyeji na Wakanaani, na yaliyofuata yanajulikana. Sisi huimba kuvuka Yordani bila kuuliza ng'ambo ya pili nani anaishi. Simwambii mtu yeyote aache kuimba. Lakini tangu nimsome Warrior, nikifika Yoshua 6, Yeriko inapoangamizwa, nasoma polepole, na sura ile ya Rahabu nyuma yake imepata uzito ambao sikuwa naujua.

Mpaka hapa utaona kwamba nawatetea. Sasa niseme mahali ninapowaacha.

Wako wanaosema kwamba maana haimo kabisa katika andiko, inatengenezwa na jumuiya ya wasomaji. Mhakiki wa fasihi wa Marekani, Stanley Fish, alilitetea wazo la jumuiya za ufasiri katika kitabu chake cha 1980, na wengi wamelifuata katika masomo ya Biblia. Mimi nalipima kwa Afrika Kusini. Mwaka 1974 Kanisa la Kiholanzi la Matengenezo la huko lilitoa ripoti iliyotumia mnara wa Babeli na Matendo ya Mitume kuunga mkono kuwatenga watu kwa rangi na taifa. Matendo 17:26 ilipendwa sana na wenye fikra hizo, kwa kuwa inasema Mungu aliwawekea mataifa "mipaka ya makazi yao". Ilikuwa jumuiya ya wasomaji, yenye wasomi, yenye sala, na walikubaliana wao kwa wao. Kama maana hutengenezwa na jumuiya tu, basi yule mkulima Mweusi aliyefukuzwa shambani kwa jina la aya ile hana la kujibu. Anaweza kusema "jumuiya yangu inasoma vingine", na hapo mwenye bunduki ndiye atakayekuwa mfasiri.

Lakini alikuwa na la kujibu, kwa sababu aya ile ina mwanzo: "Naye alifanya kila taifa la wanadamu katika mmoja." Waliotaka mipaka waliusoma mwisho wakauruka mwanzo, kama Wamarekani walivyoiruka njaa, ila hawa waliruka kwa faida yao. Mwaka 1982, mjini Ottawa, Muungano wa Makanisa ya Matengenezo Duniani ulitangaza kwamba kuuhalalisha ubaguzi ule kwa theolojia ni uzushi. Mwaka 1985 Hati ya Kairos, tamko la wanatheolojia wa Afrika Kusini, ikaishambulia namna serikali ilivyoitumia Warumi 13, sura inayoagiza kutii mamlaka. Watu hao walidai zaidi ya kuwa na maoni tofauti. Walisema: mmesoma vibaya, na andiko lenyewe linawashtaki. Dai hilo halisimami kama andiko ni kioo cha kujitazamia tu. Walionyanyaswa ndio wanaolihitaji kuliko sisi sote.

Kwa hiyo ukiniuliza kama ni mafundisho ya uongo, nakujibu kwamba njia hizi zinatofautiana, wala hakuna sababu ya kuzipokea au kuzikataa kwa fungu. Mwaka 1995 wataalamu 10 walitoa kitabu kizima cha mbinu hizi, wakakisaini kwa pamoja bila kila mmoja kuweka jina lake kwenye sura yake, na humo ndani usomaji wa wanawake umekaa jirani na uchambuzi wa nafsi na uchambuzi wa itikadi, mambo ambayo hayafanani hata kidogo. Mwulize mwanao anasoma ipi. Muulize pia anaitumia kumsikiliza nani ambaye hakusikilizwa. Jibu lake litakuambia mengi kuliko jina la mbinu.

Mwanasheria alipomjia Yesu katika Luka 10:26, Yesu alimuuliza maswali mawili kwa mpigo: "Imeandikwa nini katika torati? Wasomaje?" Wataalamu wa zamani walilishika la kwanza wakalisahau la pili. Wa usasaleo wamelirudisha la pili, na baadhi yao wamelitupa la kwanza. Wewe shika yote mawili, kwa utaratibu uleule aliouweka.

Sasa Jumatano. Pale Pietermaritzburg, Afrika Kusini, kuna kituo chenye jina la Kiswahili, Ujamaa, ambacho Gerald West na wenzake wamekitumia kwa miaka mingi kusoma Biblia pamoja na watu wa kawaida. Andiko lao linalojulikana zaidi ni 2 Samweli 13, habari ya Tamari aliyebakwa na Amnoni, ndugu yake kwa baba. Huwa hawaanzi na mahubiri. Linasomwa kwa sauti, kisha washiriki wanaulizwa habari hii inahusu nini, na kila jibu linaandikwa ukutani bila kusahihishwa. Halafu wanarudishwa kwenye andiko: nani anasema, nani amenyamazishwa, kila mwanamume aliyetajwa alifanya nini. Wanagundua kwamba Tamari alisema, tena alijenga hoja, na kwamba Absalomu ndiye aliyemwambia anyamaze. Mwisho wanauliza: je, wapo akina Tamari kwetu? Hapo, kwa wanaosimulia, wanawake huanza kusema mambo waliyoyabeba kimya. Kampeni iliyotokana na usomaji huo imefika hadi Kenya.

Ukiutazama utaratibu huo utaona wasomaji wanapewa nafasi mwanzoni na mwishoni, na katikati andiko linapewa nafasi ya kuwakatalia. Sehemu ya katikati usiifupishe. Huko ndiko mtu aliyesema "mimi naona" anapoulizwa "ni aya gani?", na asipoipata anarudi nyuma bila kuaibishwa.

Usianze na Tamari, mama. Anza na Luka 15:11–16 peke yake. Soma mara mbili, wafunge Biblia, na uwaulize: kwa nini kijana yule alishikwa na njaa? Andika majibu yote kwa chaki, na ya wale wazee wawili uyaandike kando, nina hamu ya kujua watashika aya ipi. Halafu fungueni, mtafute kila jibu limekaa aya gani, na ni aya gani ambayo hakuna aliyeikumbuka. Kijana wako akiwa bado likizo, mwalike aje ajibu pamoja nao kabla ya kueleza chochote, na jibu lake uliandike katika orodha ileile.